Tomi na Randa ya Marehemu Baba

Acheni niwaambie mwenyewe kabla hamjaambiwa na Mama Shiru wa kioski: leo nimeaibika. Hadharani! Tena nikiwa na suti.

Mnazijua zile zana zangu za kale. Misumeno, patasi, tezo, keke, zote chini ya kitanda. (Nyinyi mnaziita vyuma kuukuu. Nasikia sana.) Jana mke wangu aliinama kutafuta kiatu akachomwa kidole na patasi. "Baba Kamau," akaniambia, "kesho jioni mnunuzi wa vyuma anapita. Hizi zitoke, ama nitoke mimi." Hakuwa anacheka.

Nikasema sawa, leo ni leo. Pale holi ya mtaa kuna kabati ya vioo, tupu. Mzee Salim, mwenyekiti wa holi, aliniahidi kwamba kamati ikipendezwa na zana moja tu, kabati ni yangu.

Nikachagua randa ya marehemu baba, ile ya mbao aliyolainishia nusu ya milango ya mtaa huu. Nilitaka ing'ae, lakini mafuta yangu ya mbao yalikuwa yamekwisha. Nikakumbuka kwamba baba alikuwa akiipaka mafuta ya ng'ombe upande wa chini, kidogo tu, iteleze. Mbio mpaka buchani! Baba alipaka kidogo. Mimi niliipaka yote, juu, chini na mbavuni, kama mtoto anayepelekwa kanisani.

Nikatoka nayo kwapani. Nyuma yangu kukawa na mbwa. Kufika bombani, mbwa watatu. (Nikadhani ni suti.)

Kamati imeketi. Nikaweka randa mezani, nikakohoa kidogo. "Ndugu zangu, chombo hiki mnachokiona..."

Hawakukiona tena. Tomi, mbwa wa askari wa holi, aliingia, akasimama kwa miguu miwili, akaitia randa mdomoni, akatoka nayo. Hata haraka hakuwa nayo!

"Wewe Tomi! Hiyo ni ya baba!"

Hapo sasa akaanza kukimbia. Nami nyuma yake, na hii suruali yangu ya miguu mipana inanasa kila hatua. Uwanjani kina mama wa kwaya walikuwa wakifanya mazoezi. Tomi akapita katikati ya sauti ya kwanza. Nami nikapita hapo hapo. "Pole, mama! Pole! Shika huyo!" Hakuna aliyemshika. Wote waliinama kwa kicheko.

Nilimpata mtaroni. Yeye ameng'ang'ania mbele ya randa, mimi nyuma. Anavuta, navuta. Niliapa kwamba leo mtaro huu utatuzika wote wawili, lakini randa ya baba siachi. Kamati ikafika, ikasimama ukingoni kutazama. Jamani, sijui ni nani kati yetu aliyekuwa akinguruma.

Hatimaye akaachia. Mnadhani nilienda nyumbani? Nilirudi holini, matope mpaka masikioni, nikaiweka randa mezani na alama zake za meno. "Kama nilivyokuwa nikisema," nikaanza.

Nikamaliza hotuba yote! Nilipofika sehemu ya baba, nikaipangusa randa matope kwa kiganja, nikaendelea.

Mama Shiru, ambaye naye ni mwanakamati, akapangusa machozi (ya kucheka, najua). "Mpeni kabati. Huyu mkimnyima, kesho atapigana na sisi."

Mzee Salim akanikabidhi ufunguo. "Lakini Baba Kamau," akauliza, uso mkavu kabisa, "hizi alama za meno nazo ni za kale?"

Basi. Zana zote zimehamia kabatini, mke wangu ameokota viatu vyake kwa amani, mnunuzi wa vyuma ameondoka mikono mitupu. Na Tomi ameketi mbele ya ile kabati tangu mchana, anaitazama randa bila kupepesa. Nyinyi chekeni. Miaka yote hii, huyo ndiye wa kwanza kuthamini kazi yangu.