Maiti Aliyesimama Mara Mbili

Jumatatu, 3 Machi 1986

Waongo wote! Ibadan nzima wanasimulia eti mwaka sitini na moja, kwenye mchezo wa televisheni, mimi Asabi niliamka kwenye kitanda cha maiti kwa kuumwa na siafu. Siafu gani huyo angethubutu? Nilikuwa mama wa mfalme, nimekufa vizuri, kamera yote yangu. Enzi zile hakuna kurudia. Ukikosea, nchi imeshaona. Mwovu ni Wuraola, aliyecheza binti yangu. Badala ya kulia tu, akaanza kutaja sifa za ukoo. Ukoo wangu mimi, si wa yule mama wa mfalme! Na kwetu ukitajiwa sifa za ukoo wako kichwa kinajaa, hulali chini. Nikasimama. Nikacheza kidogo.

Tangu siku ile, kwenye michezo yao nabebeshwa mitungi tu. Miaka ishirini na tano! Mgongo wangu umeonyeshwa mara kumi na saba. Mgongo mzuri, sikatai. Lakini mgongo hauandikwi jina.

Jumanne, 4 Machi

Amekuja Dotun, bwana mkubwa wa televisheni. Anatengeneza kipindi cha kutukumbuka sisi wazee, anataka tuigize tena ule msiba. Nikauliza, majina yataandikwa mwishoni? Akasema yote, Mama, ila maiti akiamka tena, lake halimo. Nikamwambia, mwanangu, kufa nakujua kuliko wafu.

Wuraola, aliyekuja naye, kacheka mpaka kashika ukuta. "Huyu? Huyu hata akifa kweli tutamfunga kamba!"

Jumatano, 5 Machi

Nimefanya mazoezi ya kufa kitandani. Jirani kaja kuomba chumvi, kapiga mayowe, uani kumejaa watu. Raha! Nilipofumbua jicho, shemeji yangu alikuwa ameshachagua vyungu vyangu viwili vya kurithi.

Jioni nikampelekea Wuraola amala, ugali wetu wa viazi vikuu, na samaki mkavu. Nikapiga magoti. Mimi! Mbele ya mtu niliyemzidi miaka miwili! Nikamwomba alie tu, mama, mama, basi. Akaweka ulimi kwenye kisu, akaapa kwa chuma kwamba hatanitaja mpaka niseme mwenyewe. Kisha akala amala yote, akalamba na bakuli.

Alhamisi, 6 Machi

Kisu au si kisu, simwamini. Nikajaza pamba masikioni. Dotun kafurahi, kasema hiyo pamba, Mama, maiti mtupu.

Taa zikawaka. Nikafa. Kimya. Sisikii kitu! Ananitaja au hanitaji? Kutojua kunawasha kuliko siafu. Mkono ukapanda wenyewe, ukachomoa pamba moja. Wuraola analia, mama, mama. Basi! Kama mbuzi kapotelewa! Ukoo wetu wa wahunzi tunaliliwa hivyo mbele ya nchi nzima?

Halafu yule mwovu akaanza. Mtoto wa wahunzi! Mtoto wa waliompa mfalme jembe, mfalme akalima mwenyewe! Mtoto wa nyundo isiyoomba radhi!

Nikasimama. Mpiga ngoma wa mchezo naye, mjinga, akapiga. Nikacheza, safari hii si kidogo. Dotun, aliyekuwa na mkanda mmoja tu, alikaa chini sakafuni, kichwa mikononi.

Jumapili, 9 Machi

Kipindi kimeonyeshwa jana usiku. Majina yamepita. Wuraola yumo. Mpiga ngoma yumo. Hata aliyetandika shuka yumo! Langu hakuna. Nimekodoa macho mpaka wimbo wa taifa wa kufunga matangazo.

Lakini leo asubuhi muuza akara, zile bajia za kunde, kaniita kwa sauti, mtoto wa nyundo! Sokoni kote wakaitikia. Nikacheza palepale, akara zikamwagika.

Kesho nakwenda kwa Dotun. Nasikia ana mchezo mwingine wenye maiti. Safari hii nitalala kimya, jina langu litaandikwa, wataona. Pamba nimeshanunua, nyingi.

Na kwa kuwa daftari hili halisomwi na mtu, basi niseme. Wuraola hakuanza mwenyewe. Alhamisi nilimnong'oneza, midomo nimeibana, macho nimefumba: "Taja basi, shoga. Hata moja."

Na mwaka sitini na moja vilevile.