Yahusu: Kunyang'anywa Sauti Yangu kwa Njia ya Mafunzo

Ndugu Afisa Elimu,

Baada ya heshima zote zinazostahili kiti chako, mimi ni mwalimu wa hesabu na mwalimu wa nidhamu katika shule ya msingi yenye bati la kijani, ile inayopakana na karakana ya fundi mbao. Huu ni mwaka wangu wa ishirini na sita hapo. Wanafunzi wananiita Ngurumo. Wanadhani silijui jina hilo, nami sijawahi kulikataa, kwa kuwa si kila mtumishi wa umma anayeweza kujisifu kwamba kazi yake inasikika mpaka barabarani.

Nakuandikia kwa masikitiko kuhusu yale mafunzo ya siku tatu ambayo ofisi yako ilituletea mwanzoni mwa muhula, yaliyoitwa "Darasa Tulivu, Mtoto Anayesaidiwa". Nimesubiri wiki saba nione kama madhara yake yatapungua. Yameongezeka. Nayaeleza hapa kwa namba, kama tulivyofundishwa kuandika enzi zile, kabla hatujaanza kufundishwa kupumua.

1. Ndiyo, kupumua. Watu wazima ishirini na wawili, wengine tukiwa na wajukuu, tulikalishwa kwenye viti vya darasa la kwanza, magoti yakikaribia kidevu, tukaambiwa tuvute hewa kwa pua hadi hesabu ya nne, tuishike, tuiachie kwa mdomo. Mwalimu wa michezo alilala papo hapo. Mkufunzi, binti wa umri wa mwanangu wa pili, mwenye sauti ndogo kiasi kwamba ilibidi chumba kizima kinyamaze ndipo asikike, hakumwamsha. Alimfunika kwa koti lake na kusema kwamba mwili wa mwenzetu unatuambia kitu. Wangu pia ulikuwa unaniambia kitu, hasa kiunoni, lakini hakuna aliyeuuliza.

Mchana tuligawanywa wawili wawili, mmoja awe mwalimu, mwingine awe mtoto aliyechelewa. Mimi nilipewa mwalimu wa sayansi, mwanamume mwenye ndevu na watoto watatu. Nikampokea ninavyowapokea wote: "Wewe! Hapa ni kwa baba yako? Simama hapo hapo!" Mkufunzi akamwuliza, kwa ile sauti ya kubembelezea watoto wachanga, amejisikiaje. Mwenzangu akafikiri kidogo, kisha akatamka mbele ya wafanyakazi wote kwamba alitaka kwenda chooni. Watu wakaangua kicheko. Mkufunzi hakucheka. Aliandika neno "chooni" kwenye karatasi kubwa ya njano na kuibandika ukutani. Ipo mpaka leo, Ndugu Afisa. Kila nikiingia ofisi ya walimu naisoma, na kila nikiisoma mwalimu wa sayansi anajifanya anatafuta kalamu.

2. Siku ya tatu tulitia sahihi ahadi ya kutompigia mtoto yeyote kelele muhula mzima. Nilitia shingo upande. Wala hakuna aliyekumbuka kwamba sauti ile haikuwa yangu peke yangu, ilikuwa kifaa cha shule. Kengele yetu ilipasuka miaka minne iliyopita, na tangu hapo kengele ni mimi. Nilikuwa nasimama mlangoni mwa darasa la sita, nasema "Rudini!" mara moja tu, watoto mia nne wanaacha mpira ukiwa bado hewani, na fundi mbao ng'ambo ya ukuta anazima msumeno wake kwa heshima. Sasa Mwalimu Mkuu anazunguka uwanjani na kengele ya baiskeli. Sitanii. Kring, kring. Na watoto wanarudi. Hilo ndilo linaloniudhi kuliko yote. Wanarudi!

3. Huyo Mwalimu Mkuu mwenyewe alikuwa mtu wa kueleweka. Ukimwomba chaki alikuwa anasema "Hakuna," nawe unajua hakuna, unakwenda zako. Siku hizi anaweka mkono kifuani, anainamisha kichwa na kusema, "Nakusikia, mwalimu wangu. Una haki ya kujisikia hivyo." Natoka mle nimesikika vizuri kabisa, na chaki sina. Mwalimu wa sayansi alikwenda kumwambia kwamba paa la darasa lake linavuja. Akaulizwa kule kuvuja kunamfanya ajisikieje. Akajibu kwamba kunamfanya alowe.

4. Sasa nije kwenye madhara ya kitaaluma. Mtoto asiyeogopa anauliza. Sijui kama wataalamu wako walilifikiria hili walipokuwa wanapaka rangi karatasi zao. Miaka yote hiyo nimefundisha kwamba hasi mara hasi ni chanya, na hakuna mtu aliyewahi kuniletea matatizo. Wiki ya tatu baada ya mafunzo, msichana mmoja wa darasa la sita, yule mwenye mdomo mrefu wa dawati la pili, aliinua mkono na kuuliza, "Mwalimu, kwa nini?"

Zamani swali hilo lilikuwa na jibu moja, nalo ni "Kaa chini." Nilifungua mdomo nikaikumbuka sahihi yangu. Nikavuta hewa hadi nne. Nilipofika nne niligundua, Ndugu Afisa, kwamba sijui. Sijawahi kujua. Na kwa kuwa hewa ilikuwa imeshanijaa na lazima itoke na kitu, nikasema, "Sijui."

Nilitarajia wanicheke hadi wagaragare. Hawakucheka. Yule mwenye mdomo mrefu akasema tu, "Basi tutafute," kama vile tumepoteza ufunguo. Nililazimika kukaa na vitabu Jumamosi nzima, siku ambayo kwa kawaida naitumia kupumzika kutokana na watoto. Jibu nililipata. Lipo, tena si gumu. Jumatatu nikawaeleza, wakapiga makofi. Kumpigia makofi mwalimu wa nidhamu! Mkitaka kujua heshima ya shule hii ilizikwa lini, ni Jumatatu hiyo, kipindi cha pili.

5. Jambo hili la tano nilitaka kuliacha, ila nikiliacha utadhani nalalamikia vitu vidogo.

Katika darasa hilo hilo kuna mtoto wa kike anayelelewa na shangazi yake, fundi cherehani. Kwa miaka miwili nilikuwa namwita Jiwe. Jina nilimpa mimi, wenzake wakalipokea. Nilimpa kwa sababu ukimwuliza swali anakutazama mdomo tu, hajibu. Ukirudia kwa ukali, anatazama chini. Nimemsimamisha ukutani mara nyingi kuliko mtoto mwingine yeyote, kwa kosa la ukaidi, na kwenye ripoti zake zote nimeandika "hana ushirikiano".

Wiki ya nne mkufunzi alirudi kukagua kama ahadi zetu tunazitekeleza. Nikaona hapo hapo nimkomeshe. Nilitaka amwone mtoto ambaye utulivu wa mafunzo yao haumwingii, arudi ofisini kwako akakwambie. Nikaenda nyuma mpaka kwa Jiwe. Nikachuchumaa usawa wa macho yake, kama kijitabu cha mafunzo kinavyoagiza, magoti yakilia darasa zima likisikia. Nikasema polepole, neno moja moja, kwa kumwigiza mkufunzi hasa: "Ungependa nikusaidie nini?"

Mtoto akanitazama mdomo. Kisha akasema, kwa sauti ambayo kwa miaka miwili sikuwahi kuisikia, "Naomba nikae upande ule mwingine, Mwalimu. Sikio langu la kushoto halisikii. Nikikaa hapa, lile zima linaangalia ukuta."

Nikamwuliza imekuwaje asinisikie hata mimi, mimi ambaye fundi mbao ananisikia na msumeno ukiwa unanguruma. Akasema, "Ukipiga kelele nasikia kishindo tu, Mwalimu. Maneno yanavunjika. Leo ndiyo umesema maneno."

Nilimtazama mkufunzi nikitegemea kumwona ameshinda. Afadhali angenicheka, ningemjibu. Alishika dawati upande mmoja, akaningoja nishike upande wa pili, tukalihamisha.

Nasisitiza kwamba jambo hili limechafua jina la chombo changu cha kazi. Miaka ishirini na sita nimekuwa nikiongeza sauti kwa imani kwamba ikiwa kubwa zaidi inaeleweka zaidi. Leo naambiwa na mtoto wa darasa la sita kwamba kwa muda wote huo nilikuwa kishindo.

6. Kwa kuwa mimi si mtu wa kubeba lawama isiyo yangu, nilimwita shangazi yake aje ajieleze kwa nini familia ilificha ugonjwa wa mtoto. Mama yule alikuja na futi yake ya kupimia ikiwa bado shingoni, na uzi mwekundu kwenye mkono wa blauzi. Nikamsomea makosa yake yote. Alinisikiliza mpaka mwisho, ndipo akasema, "Mwalimu, mimi niliandika. Alipoingia darasa la tano nilileta barua, nikakukabidhi mkononi. Ukaniambia, 'Sawa, mama, nitaifanyia kazi.'"

Nikamwambia kwamba hilo haliwezekani, maana barua zote za wazazi ninazo. Nikaenda kabatini nimwonyeshe.

Ndugu Afisa, ninalo faili. Nimelitunza kwa utaratibu ambao ofisi yako ingeuonea fahari, na juu yake nimeandika kwa herufi kubwa VISINGIZIO. Barua yake ilikuwemo, mistari sita, mwandiko mzuri. Sikio la kushoto, ameandika. Naomba akae mbele, sikio la kulia likilikabili darasa. Na pembeni, kwa kalamu nyekundu, pana mwandiko wangu mimi: "Hii mpya!"

Mama yule aliusoma. Aliukunja ule uzi mwekundu kwenye kidole, akaukunjua. Akauliza kama naweza kuacha kumwita mtoto wake Jiwe, maana hata nyumbani sasa anajiita hivyo. Nikasema naweza. Akaniaga kwa adabu na kurudi kwenye cherehani yake. Mimi siku hizi narudi nyumbani kwa njia ya mzunguko, dakika kumi zaidi, ili nisipite mbele ya duka lake. Dakika hizo pia nazidai kwenye mafunzo yenu.

7. Faili lilikuwa na barua nyingine sitini na mbili. Iliponibidi kuisoma moja, ikanibidi kuzisoma zote. Ilinichukua siku nne za mapumziko ya chai. Visingizio vya kweli vilikuwemo, nisizushiwe. Kuna baba aliyeandika kwamba mwanawe amefiwa na babu, na hao mababu nimewahesabu wamefika saba. Lakini vya namna hiyo ni kumi na moja tu. Wengine walikuwa wanaeleza tu yaliyowatokea. Kuna aliyechelewa mwezi mzima kwa sababu mama yake alilazwa na yeye ndiye aliyekuwa anawavalisha wadogo zake. Kuna ambaye anaogopa mbwa wa gereji iliyo njiani. Kuna ambaye tangu nimsimamishe mbele ya wenzake anakojoa kitandani, na baba yake anauliza, kwa heshima zote, kama naweza kumsimamisha pembeni.

Zamani niliwajua watoto kwa makosa yao, kazi ikaisha. Sasa kila asubuhi wakipita getini najua nani amevalisha nani, na nani amepita kwa mbwa. Huu ni mzigo ambao haumo kwenye mkataba wangu wa ajira. Nimeusoma mkataba mara mbili. Haumo.

Kutokana na hayo yote, naomba kwa unyenyekevu: nirudishiwe sauti yangu, hata nusu, mkufunzi yule ahamishiwe kwenye bohari ya madawati, mahali ambapo hakuna mtu wa kusikilizwa, wanafunzi warejeshewe woga wao wa awali, kwa awamu, tukianza na darasa la sita ambako hali ni mbaya zaidi, na wazazi wakatazwe kuandika barua zinazosomeka. Ombi la mwisho ni kwamba itolewe amri ya kuwazuia walimu wa zaidi ya miaka ishirini kazini wasichuchumae, kwani ukishashuka kule chini huinuki ulivyokuwa.

Nisalimie karani wako anayepokea barua, dereva, na mlinzi wa geti aliyenizuia mara ya mwisho akidhani nimekuja kugombana. Mkufunzi naye msalimie, usimwambie nani kamsalimia. Wote wa shuleni hawajambo, isipokuwa paa.

Ni mimi, mtumishi wako mtiifu, niliyebakiwa na ukali wa kwenye karatasi tu,

Mwalimu wa Nidhamu

Nyongeza: Nikiwa nafunga bahasha, Mwalimu Mkuu amepita kutuarifu kwamba awamu ya pili ya mafunzo itakuwa mwezi ujao, siku tano, nafasi kumi na mbili kwa wilaya nzima, na kwamba mwalimu yeyote mwenye malalamiko ofisini kwako hatafikiriwa. Kuandika upya barua yote hii siwezi, mkono umechoka. Naomba basi ieleweke kwamba yaliyomo humu, kuanzia namba moja hadi namba saba, si malalamiko. Ni maombi ya nafasi.