Kilindi cha Torgils

Kama mto Bjora ungekuwa na mdomo, ungemwambia Torgils Haugmo afunge wake! Lakini mto hauna mdomo, na majirani walishachoka, kwa hiyo Torgils alijimwambafai bila mpinzani tangu barafu ilipoyeyuka mpaka ilipoganda tena.

"Mto huu naujua nje ndani!" alitamba. "Nikifumba macho nakwambia samoni gani kalala nyuma ya jiwe gani, na anaota nini!"

Jambo moja tu lilimnyima raha. Mtoni Bjora kila kilindi, pale samoni wanapopumzika wakipanda kutoka baharini, kina jina. Kuna Kilindi cha Kasisi. Kuna Kilindi cha Mashemeji. Kuna hata Kilindi cha Ndama, kwa sababu ndama wa watu alitumbukia pale akaopolewa. Ndama ana jina mtoni! Torgils, aliyevua tangu hana meno mpaka yameanza kung'oka, hana!

"Yule ndama hata kushika mshipi hajui," alimlalamikia mkewe, Ragnfrid.

"Ila hajisifu," alijibu Ragnfrid, huku akigeuza chapati za viazi.

Basi mwaka huo theluji ikayeyuka kwa fujo. Mto ukafura, ukakata kona, ukachimba kilindi kipya kabisa kati ya shamba la Torgils na la Gudveig, jirani yake wa ng'ambo. Na desturi ya huko haina mjadala: atakayekuwa wa kwanza kutoa samoni kwenye kilindi kipya, kinaitwa kwa jina lake.

Torgils nusura azimie kwa furaha. Siku ya kufungua msimu aliwaita watu wote wa bonde. Wakaja na birika za kahawa na jibini ya kahawia, wakajipanga ukingoni kama wanasubiri harusi. Naye akatokea! Suruali ya mpira imempanda hadi kifuani, kofia imejaa ndoana za manyoya, kidevu kiko juu mbinguni.

Ng'ambo, Gudveig alikuwa ameketi kwenye kigoda anafuma soksi.

"Jirani!" aliita. "Unasimama wapi?"

"Juu ya jiwe la babu, bibie! Pale pale aliposimama yeye na baba yangu!"

"Jiwe hilo halipo tena. Mafuriko yamelisukuma. Na maji sasa yanapinda huku kwangu."

"Mawe ya ukoo wetu hayasukumwi!"

"Basi pima kwanza kwa fimbo, baba."

"Nipime mto wangu mwenyewe? Wewe fuma soksi!"

Akarusha mshipi. Lo! Ndoana haijalowa vizuri, samoni huyu hapa! Ufito wa kuvulia ukapinda, watu wakapiga kelele, kahawa zikamwagika.

"Andikeni jina!" Torgils alipaza sauti. Akapiga hatua moja ya madaha hadi kwenye jiwe la babu.

Chubwi!

Kofia ikabaki inaelea. Suruali ikabugia maji ikawa pipa. Torgils akaachia ufito, akajichomoa ndani ya suruali kama ndizi inayotoka kwenye ganda, akadaka tawi la mti, akapanda ukingoni na chupi ndefu nyekundu za sufu, kazi ya mikono ya Ragnfrid. Samoni, ufito na suruali, vyote vikafuata maji. Na maji, kama alivyoambiwa, yakapinda kwa Gudveig.

Gudveig akaweka soksi chini. Akaokota ufito, akazungusha kigurudumu cha mshipi taratibu, akamtoa samoni mnene wa kumkumbatia kwa mikono miwili. Shangwe ikalipuka!

Suruali nayo ilibaki inazunguka katikati ya kilindi, imesimama wima, miguu imevimba, utadhani kuna mzimu anavua.

Torgils akakaa chini. Machozi yalimlengalenga, na hayakuwa ya kuigiza.

Gudveig akamwangalia, akamwonea huruma. "Samoni nimemtoa mimi, kwa hiyo jina ni langu," aliita. "Lakini jirani, mimi soksi zinanitosha. Nakuachia. Ila kwa vile samaki hukumtoa, sharti kitajwe ulichokiacha humo. Chagua: Kilindi cha Gudveig, au Kilindi cha Suruali ya Torgils."

Bonde zima likanyoosha shingo.

"Kataa, mume wangu," Ragnfrid alimnong'oneza. "Wajukuu zetu watasomea wapi kwa aibu hiyo?"

Torgils akatazama suruali yake ikipita mbele ya watu kwa mara nyingine. Akafuta pua, akainuka na chupi zake nyekundu, akanyoosha kidevu.

"Hiyo ya pili," alisema. "Lakini kwenye kibao cha jina, Torgils iandikwe kwa herufi kubwa kuliko Suruali!"