Punguzeni Jiwe la Samawati

Kasiani, mchonga vinyago,
Newala, Mkoa wa Mtwara.

Kwa Watengenezaji wa mchezo wa Dunia ya Matofali,
popote mlipo.

Ndugu Watengenezaji,

YAH: MALALAMIKO KUHUSU JIWE LA SAMAWATI

Kama kati yenu yupo aliyenizidi umri, shikamoo. Waliobaki, marahaba. Mimi ni mzima. Mke wangu Dominika, ambaye ndiye mteja wenu, hajambo isipokuwa mguu. Mwezi wa tatu aliteleza na ndoo ya maji kichwani, akavunjika mfupa wa paja, na daktari akamkataza kukanyaga chini hadi atakaporuhusiwa. Mjukuu wetu Shakila, aliyeko Masasi, akamletea simu yenye mchezo wenu ili asichoke kuangalia bati. Nilimshukuru Shakila kwa maneno mengi. Leo nayafuta yote, na sababu zangu ni hizi:

1. Shakila alitueleza kwamba samawati ndilo jiwe adimu kuliko yote mliyoyaficha humo, na kwamba wapo watu wamelitafuta mwaka mzima wakakata tamaa. Dominika alilipata siku ya nne. Tena akiwa amelala. Mimi nachonga mpingo mwaka wa thelathini na nane huu. Naufuata bondeni kwa baiskeli, nikiwa na kibali cha misitu mfukoni, na gogo nikilipasua mara nyingi nakuta moyo umeoza. Jiwe lenu halijawahi kuoza hata mara moja. Uadimu gani huo, ndugu zangu?

2. Meza ya ufundi. Mtu anaweka vijiti viwili na mawe matatu, anagusa kwa kidole, sululu imetoka. Hakuna msasa, hakuna jasho, hakuna aliyejikata. Kinyago changu kimoja kinakula miezi miwili. Juzi nilikuwa natafuta tezo yangu ya kuchongea nyumba nzima, Dominika akasema bila kuinua macho, "Si utengeneze nyingine, Baba Christopher? Vijiti viwili tu." Nilitoka nje nikakaa na kuku.

3. Punda. Mke wangu anafuga punda humo ndani, na punda huyo anaitwa Kasiani. Nilipouliza kwa upole kwa nini mnyama ana jina langu la ubatizo, nilijibiwa, "Huyu nikimwita anakuja."

4. Maji. Hapa naomba msome taratibu. Sisi wa Newala maji tunayasubiri. Tunayavuna mvua inaponyesha, na kiangazi tunayafuata mbali. Katika mchezo wenu Dominika alichimba shimo, akamimina ndoo mbili, basi, hayakwisha tena. Akachota, yakajaa. Akachota, yakajaa. Aliniita nije nione. Alichota mara nyingi bila kuyapeleka popote, kisha machozi yakamtoka. Nilijua anaikumbuka ile njia ya mteremko alikovunjikia mguu. Tangu aumie mimi ndiye ninayechota maji ya nyumba hii, na ninajitahidi, lakini siku ile niliona mahali anapopapenda kuliko kwangu, na huko mimi sina hata ndoo.

5. Kazi yangu imesimama. Watu wanadhani vinyago nachonga peke yangu. Sura zote, tangu tuoane, ni Dominika aliyeziangalia. Ananiambia shavu hili limezidi, jicho hili linadanganya, nami narekebisha. Sasa nina kinyago cha mama aliyebeba mzigo, kina wiki tatu hakina uso. Nikimletea kitandani ananiambia, "Siwezi sasa hivi, niko mgodini, chini sana." Nasimama pale mlangoni na kinyago mkononi kama mtu aliyekuja kuomba chumvi.

Kwa hiyo naomba mambo machache yasiyo magumu. Wekeni afisa misitu katika mchezo, na mtu asikate mti bila kibali chake. Afisa huyo awe na ofisi, na mara nyingi awe ameenda semina. Maji yatoke mara moja kwa wiki, kwa foleni, na mbele ya foleni awepo shemeji wa mtu. Jiwe la samawati lihamishiwe Tandahimba, ili anayelitaka apande basi kama watu wengine. Likishapatikana, nusu ya mawe hayo yawe na ufa usioonekana mpaka mtu awe ameshayafanyia kazi kwa mwezi mzima. Na punda aruhusiwe kukataa.

Mkishindwa hayo yote, basi ufungeni mchezo, dunia nzima, mpaka kinyago changu kipate uso.

Wasalimieni wake zenu, kama bado wanawaitikia. Jirani yetu Isabela anawasalimu. Padri angewasalimu pia, ila hajui kwamba nawaandikia.

Ni mimi ninayewaheshimu hata hivyo,
Kasiani (Baba Christopher)

Nyongeza: Barua hii ilikaa siku tatu ikimsubiri Shakila aje aipige picha na kuwatumia. Jana Christopher alimpeleka mama yake hospitali kukaguliwa mguu, na Dominika akaniachia simu nimlishie kondoo wake wa humo mchezoni. Nikawalisha. Kisha nikaona mwamba mmoja una mshipa uliokaa upande, na mkono wa fundi hauwezi kupita kitu kama hicho. Nikachimba. Kumbe jiwe nalo lina njia zake, ukilifuata pole pole linakuonyesha. Saa sita mchana nililiona, la buluu, limekaa peke yake gizani. Nilipiga kelele hata Isabela akaja mbio akidhani kuna msiba. Nikamwambia, "Samawati!" Akaniuliza huyo ni mtoto wa nani.

Msipunguze kitu. Dominika amerudi akitembea kwa miguu yake, mkongojo ameubeba Christopher, na daktari amesema amepona. Nimefurahi sana, Mungu ni mkubwa. Tatizo lililobaki ni kwamba anadai simu yake, na mimi nimefika mahali pazuri. Naomba mumwandikie barua rasmi, yenye muhuri, mumweleze kwamba mchezo huu ni wa wagonjwa wa miguu tu. Mimi goti langu la kushoto limeanza kuuma tangu asubuhi.