Kikosi cha Farasi cha Dunmarsh Chaenda kwa Miguu

Mnamo Novemba 1899, wakazi wote wa mji wa Dunmarsh, katika koloni la Waingereza la Natal, walitangaziwa rasmi kwamba vita na Makaburu vimekwisha. Kusema kweli vilikuwa ndiyo kwanza vimeanza, lakini Meja Aubrey Clutterham, hakimu wa mji, alikuwa ameshaunda Kikosi cha Hiari cha Wapanda Farasi, na tangazo likasema hilo latosha.

Walijitolea wanaume thelathini na mmoja. Waliojua kupanda farasi walikuwa wanne. Kamati Ndogo ya Mavazi ikaamua kwamba ujuzi utakuja wenyewe, mradi manyoya ya kofia yawe na urefu mmoja. Kazi ya kuwafundisha akapewa Lebona, Msotho aliyepanda farasi kabla hajajua kutembea sawasawa. Kujiunga na kikosi yeye mwenyewe hakuruhusiwa, kwani vita vilikuwa vya Wazungu tu.

Enoch Tuckett, mwoka mikate, akafanywa koplo na Mwandishi wa Historia ya Kikosi, kwa sababu mwandiko wake ulisomeka. Historia hakuitaka, alilitaka tanuri lake. Ila mkewe alikuwa ameshawatambia majirani wote.

Wiki ya tatu kikosi kikatoka. Meja akabaki barazani pa hoteli, akiratibu. Maili ishirini na mbili kutoka mjini vijana wakateremka kunywa chai, bunduki zote wakaziegemeza kwenye mti mmoja. Chai haijachemka, Makaburu wakatokea nyuma ya mti huo.

"Enoch! Na wewe umo?" akacheka kamanda wao, Gerrit Oosthuizen, mkulima wa ng'ambo ya mto na mteja wa Tuckett wa miaka tisa. "Sasa nani anaoka?"

"Mke wangu."

"Afadhali. Tutapata mikate ya kutafunika."

Makaburu wakaangua kicheko. Mateka kadhaa nao wakacheka, na hilo ndilo lililomuuma Tuckett zaidi.

Pa kuwaweka mateka hapakuwapo. Oosthuizen akachukua farasi, bunduki na birika la chai. "Na viatu, jirani. Vijana wangu wako pekupeku. Suruali bakini nazo, wake zenu wasije wakanilaumu."

Walitembea siku mbili juu ya mawe na miiba. Meja akawapokea barazani, akamwita Tuckett.

"Andika. 'Kikosi kimetekeleza matembezi ya kimkakati bila viatu, kwa makusudi, ili kumchanganya adui.'"

"Na farasi, Afande?"

"'Farasi wametangulizwa ndani ya safu za adui.'"

"Afande, lakini huo si u..."

"Ni historia, Koplo! Na mbinu hiyo aliibuni nani?"

"Sijui, Afande."

"Mimi. Andika."

Tuckett akaandika kila neno, hata nukta hakupunguza. Nyayo zilimwaka moto, lakini kwa mara ya kwanza tangu avae sare, kazi ilimnogea.

Taarifa ikapelekwa makao makuu ya jeshi, na siku ya sita likaja jibu. Tuckett akalisoma mbele ya gwaride. Jenerali amevutiwa mno. Kuanzia leo kikosi ni cha waenda kwa miguu. Ombi la viatu limekataliwa, kwani vitaharibu mbinu. Farasi wa Meja, aliyebaki mjini, apelekwe jeshini na mpandaji hodari kuliko wote mjini, bila kujali ni nani. Na mbunifu wa mbinu akiongoze kikosi yeye mwenyewe hadi mto Tugela, maili sitini, kwa mtindo ule ule.

"Mtindo upi?" Meja akauliza.

Watu thelathini na mmoja wakamtazama miguuni.

Lebona, aliyekwisha kumpanda farasi wa Meja, akainama kwa adabu. "Nishuke nikusaidie kuvua, bwana?"

Waliondoka Alhamisi, wakiimba. Tuckett alitembea na daftari lake mkononi, na siku hiyo Historia ya Kikosi ilipata mistari miwili:

"Maili ya pili: Meja ameamuru mapumziko.

Kikosi kimekataa, kwa sababu za kimkakati."