Ufunguzi wa Kituo cha Kupimia Bahari, Gazi

Hotuba ya Bwana Sefu bin Mwinyihaji, Afisa Mkuu Msaidizi wa Idara ya Ustawi wa Kilindi, aliyoitoa mbele ya watu wa Gazi, Jumamosi moja ya mwaka 1957, kabla ya adhuhuri.

Mheshimiwa Bwana DC, ambaye kwa wingi wa kazi hakuweza kufika lakini ametuletea kofia yake, ile pale juu ya kiti, nami naomba asiikalie mtu. Mheshimiwa Mudir, aliyetuma salamu na mwavuli. Waheshimiwa wazee wa mji. Waheshimiwa maimamu, waadhini na walimu wa vyuo. Waheshimiwa manahodha wa Wasini. Waheshimiwa wavuvi wa Funzi, mliokuja na nguo mlizovulia na ambao nawaomba mkae upande ule, upepo unakoelekea. Masharifu na wasio masharifu, wenye viti, wenye mikeka, na ninyi mliosimama juani kwa hiari yenu: assalamu alaikum warahmatullahi wabarakatuh. (Watu wanaitikia.)

Nimeagizwa niseme machache, nami machache hayo nimeyaandika katika kurasa thelathini na moja. (Kicheko. Msemaji hacheki.)

Kabla sijafungua kituo hiki, ambacho wakubwa wa makao makuu wamekiita fahari ya pwani yote, ni haki yenu mjue anayekifungua ni nani. Mimi ni mtoto wa pwani hii hii, niliyechaguliwa miongoni mwa waombaji wawili, mmoja wao akiwa mgonjwa, nikapelekwa Nairobi kwenye kosi ya atomiki ya wiki mbili nzima, na katika wiki hizo mbili nilikosa siku nne tu, kwa ajili ya jino, nikarudi na cheti chenye muhuri ambacho nimekitia katika fremu na ambacho yeyote akitaka kukiona atakiona, mradi asikiguse. (Makofi ya watu watatu, wote wa Idara.)

Sasa nije kwenye skimu yenyewe. Najua kuna uvumi. Nimesikia kwamba ninyi mnasema meli ya kijivu, inayosimama kila mwezi nje ya mwamba wa Funzi, inatupa taka baharini. Ndugu zangu, neno taka silitaki kabisa. Taka huitupa nyuma ya nyumba yako. Lakini kitu kilichotiwa katika pipa la chuma, kikamiminiwa saruji pande zote, kikafunikwa kwa kifuniko cha risasi, kikapakiwa melini huko Ulaya na kupitishwa mbele ya bandari za watu wengine wote, hakuna hata mmoja aliyekikubali, mpaka kikafika kwenu, kitu hicho kina heshima yake, na sisi wataalamu tunakiita Masalia ya Maendeleo. (Sauti kutoka upande wa Funzi: "Mbona basi hawakuyaweka kwao?") Swali zuri, na jibu lake ni la kisayansi: bahari ya kwao ni ndogo, na ina wenyewe.

Kwa upande wa takwimu, maana serikali bila takwimu ni kama harusi bila pilau, mapipa mia mbili yameshushwa, na asilimia tisini na tisa na nusu yamezama kwa utiifu mkubwa, jambo ambalo sijaliona hata katika ofisi yangu. Nusu ya asilimia iliyobaki ni pipa moja tu. Pipa moja! Na pipa hilo moja, kati ya fukwe zote za dunia, likachagua kuja Gazi, likakwama katika mikoko, likaokotwa na Chirau bin Boga na mwenzake Nzai, nanyi wote mnajua yaliyofuata, lakini nitayasema ili yaingie katika kumbukumbu kwa njia rasmi.

Pipa lilikuwa na alama. Ni mchoro wa duara dogo na majani matatu mekundu, mchoro ambao dunia nzima inajua maana yake, isipokuwa ile dunia inayoanzia Likoni na kuishia Vanga. Ninyi mkautazama mkasema: hii ni rafadha. Mkasema rafadha ndiyo inayosukuma meli, kwa hiyo pipa ni la mafuta ya mashine, kwa hiyo ni rizki. (Nzai, kwa sauti: "Na wewe ungeona majani matatu hivyo, ungesema nini?") Ningesoma, bwana! Chini ya mchoro imeandikwa kwa Kiingereza kwamba mtu asisogee karibu. Maandishi hayo nimeyasoma mwenyewe, kwa darubini, nikiwa barabarani, na hayana kosa hata moja.

Lakini Chirau hakusoma. Alilipasua kwa tindo siku mbili, akatoa saruji, akatoa na kile kidude kilichokuwa katikati, akakibeba mkononi mpaka majini akakitupa. Kifuniko cha risasi akakiyeyusha akatengeneza chubwi za kuzamishia nyavu. Na pipa lenyewe, baada ya kulisuuza mara tatu kama mtu safi, akalitia maji na magome ya mkandaa, akaliinjika, akapikia nyavu zake na za nusu ya mji huu zisioze, kwa vile mmezoea kupika nyavu pamoja, na anayepata pipa jipya huwa hawanyimi wenzake. Nauliza, na Idara inauliza: nani aliwaruhusu kupika nyavu katika mali ya serikali? (Mtu mmoja anasema: "Si mlilitupa?") Hatukulitupa. Tulilihifadhi chini ya maji.

Sasa naambiwa Chirau anaumwa, na kwamba ni wiki ya tisa. Naambiwa ngozi ya viganja imetoka. Mkandaa hubabua, mnajua. Naambiwa nywele zake zimebaki kwenye mto. Mimi hapa nina upara, na pipa sijaligusa. Naambiwa hata uji haukai tumboni. Je, aliyepika uji huo amechunguzwa? Hatuwezi kila mtu akitapika tukailaumu sayansi, maana watu wa Gazi walikuwa wakitapika tangu zamani za Waarabu, na riporti za wakati ule hazitaji pipa lolote. (Kicheko cha mtu mmoja wa Idara. Upande wa wanawake Mwanapili, mke wa Chirau, anasimama.)

("Shikamoo, bwana," anasema Mwanapili. "Mimi sikuja kusikiliza habari za kituo. Mume wangu yuko nyumba ile ya tatu, hajala tangu Jumanne, na tangu jana damu yamtoka puani haikatiki. Mashua haimfai, atakufa njiani. Gari lako liko pale, tupu. Twakuomba umpeleke hospitali Mombasa. Sina jingine.")

Marahaba, mama, marahaba sana. Umesema kwa adabu, na Idara inapenda adabu. Ombi lako limepokelewa, limesajiliwa, na kwa bahati nzuri lilikwisha kuamuliwa kabla hujalileta, kwa sababu sisi hufanya kazi kwa plani. Jibu limo katika ukurasa wa thelathini na moja. (Nzai: "Usome huo kwanza!") Kurasa husomwa kwa zamu, bwana. Sasa tuko ukurasa wa tisa. (Manung'uniko. Mzee mmoja anamshika Nzai mkono akimwomba akae.)

Suala la samaki. Mmeuliza katika barua yenu, iliyoandikwa vizuri ingawa bila nambari ya faili, kama samaki waliwe au wasiliwe. Waliwe! Kuleni changu, kuleni tafi, kuleni pweza na watoto wa pweza, na akina mama mnaotanda uduvi kwa nguo ufukweni endeleeni kutanda kwa moyo mweupe. Mimi mwenyewe ningekaa nanyi leo nikala, ila daktari wangu amenikataza samaki tangu mwezi ule meli ilipofika, na kwa ajili hiyo nimekuja na kuku wangu kutoka Kwale, na maji yangu, na kiti changu. (Kicheko kirefu, kisicho kizuri.)

Maana sisi, ndugu zangu, hatukuwaacha hivi hivi. Hapo ndipo ilipo tofauti kati ya serikali makini na watu wanaoshusha mapipa yao wakaenda zao. Sisi tunapima! Kituo cha Kupimia Bahari cha Gazi, ambacho leo tunakifungua kwa sherehe lakini ambacho kimekwisha kufanya kazi wiki nane mfululizo, kinatoa riporti kila Alhamisi, haijakosekana hata moja, mvua isimame au inyeshe, na riporti hizo zinasomwa makao makuu na ng'ambo, na ekspati mmoja mkubwa ameandika kwa mkono wake kwamba katika bahari hii yote hakuna chombo kinachoonyesha kwa uwazi kama chombo chetu cha Gazi. (Sauti nyingi: "Kiko wapi?") Kiko wapi! Mtu anaulizaje kitu kiko wapi na utepe huu hapa anauona? (Nyuma ya utepe, uliofungwa kati ya boriti mbili, kuna mchanga mtupu na mbuzi wawili wa Bi. Dama wa nyumba ya jirani.) Nyumba si kituo, wananchi. Kituo ni riporti. Naukata sasa, bismillahi. (Mkasi haukati. Msemaji anaufungua utepe kwa mkono, mbuzi wanapita.)

Kurasa za kumi mpaka thelathini zinahusu mimi, nami kwa unyenyekevu nitaziacha mzisome wenyewe zitakapochapishwa. Naomba tuseme pamoja, kwa sauti. Kilindi! Mnaitikia "chetu". Kilindi! (Watu watatu wa Idara: "Chetu!") Pipa! ("Salama!") Pima! ("Pima!") Maendeleo! (Mtoto mmoja analia.)

Basi nimalizie kwa shukrani. Nawashukuru kwanza wajenzi wa kituo, ambao hawapo hapa kwa kuwa hawajapata kuajiriwa. Nawashukuru walioiunda mashine ya kupimia, mashine nzuri mno, nimeiona katika picha, tuliiagiza mara mbili na mara mbili wakatujibu kwamba ni ghali mno kwa mahali kama hapa. Mtu mwingine angekata tamaa, lakini riporti lazima iende, na ndipo namshukuru kwa dhati karani wangu Iddi, simama Iddi wakuone, ambaye kila Alhamisi kwa wiki nane alipiga hodi kwa Mwanapili, akauliza hali ya mgonjwa, akanywa kahawa, akarudi ofisini akaandika. Alhamisi ya kwanza, viganja. Ya pili, nywele. Ya tano, meno. Ya nane, ambayo ilikuwa juzi, ufizi na tumbo. (Mwanapili: "Iddi? Nami nikamkaribisha, nikijua amekuja kumzuru mgonjwa!") Amekuja kumzuru, mama, na amemzuru vizuri kuliko ndugu zake. (Iddi ameinama. Nzai amesimama tena, na safari hii mzee hamshiki.)

Na hili ndilo neno la ukurasa wa thelathini na moja. Namshukuru Chirau bin Boga, ambaye hakuomba kazi wala hakupewa cheo, lakini amefanya yale ambayo mashine ya Ulaya ingefanya. Kuhusu gari, ombi limekataliwa kwa kanuni ya saba, inayosema chombo cha kupimia hakiondolewi mahali pake mpaka kipimo kikamilike. Msiwe na wasiwasi, makao makuu wameniandikia kwamba kimebaki kipimo kimoja tu cha mwisho, nacho Iddi atakuja kukichukua Alhamisi. Asanteni kwa kunisikiliza.