Mkebe wa Mlangoni

Jumatatu, 5 Agosti 1974
Miezi saba nabeba sahani katika hoteli ya Mama Mumbua, hapa Kitui mjini. Bakshishi niliyopata: senti hamsini, na mwenyewe alirudi kuichukua, eti aliisahau! Weita mwenzangu, Othman, mfuko wake unalia kila jioni. Siri yake ni kuuliza watu habari za watoto.

Mimi nahitaji mbuzi wa mahari. Wawili wako tayari kwa Mzee Nzomo. Asipomwona wa tatu mwezi huu, bintiye Syokau ataposwa na mwalimu. Mwalimu ana baiskeli!

Leo mgeni wa Nairobi amenieleza kuwa zamani, Uingereza, hoteli za kahawa ziliweka sanduku mlangoni. Ukitia sarafu, unahudumiwa haraka. Ndiyo asili ya bakshishi. Aliondoka bila kuacha kitu.

Jumanne, 6 Agosti
Nimetoboa mkebe wa mafuta ya kupikia, nikauweka mlangoni. Sikuandika kitu, muungwana haombi. Othman akasema bakshishi hutoka moyoni, haitegwi kama panya. Wivu tu! Jioni nilikuta kifungo cha shati.

Jumatano, 7 Agosti
Mama Kaluki wa Kabati aliuliza kama huo ndio mkebe wa harambee ya mabati ya kanisa. Nilikohoa. Akatia shilingi, akafumba macho, akaomba. Kufikia saa kumi kila mtu anatia. Watu hawa! Ukiwabebea supu hawakuoni, wakisikia harambee wanasukumana.

Ijumaa, 9 Agosti
Umejaa! Hata Othman ametia shilingi tano. Mjinga. Jumatatu naenda kununua mbuzi.

Jumapili, 11 Agosti
Balaa. Pasta Mwangangi amenisimamisha mbele ya kanisa zima, akanishukuru, akatuma wazee wawili wanisindikize kuuleta mkebe. Kwaya iliimba. Kisha nikachaguliwa mweka hazina, na kiongozi ndiye huanza kutoa. Nikapapasa mifuko mitupu. Mzee Nzomo akainuka kunisaidia: kijana ana mbuzi wawili zizini kwangu, mmoja aende kwa Bwana. Makofi! Mbuzi akapigwa mnada papo hapo. Aliyemnunua ni mwalimu. Hakuhitaji hata kumtoa zizini!

Jumatatu, 12 Agosti
Sasa nina mbuzi mmoja kwa Mzee Nzomo, na mwalimu ana mmoja. Othman ananishauri nijaribu kuuliza watu habari za watoto wao. Upuuzi. Kosa nimeliona: kanisa lilikuwa karibu mno. Kesho naweka mkebe mpya, harambee ya daraja la Kikima. Huko ni mbali. Mtu wa Kikima ninayemjua ni mmoja tu, mamake Syokau, na yeye haji hotelini ila siku za soko.